Dakika Tano Bila Kumtakia Mtu Heri

Zanskar, 4 Oktoba

Mama Mdogo mpendwa,

Shikamoo. Kifua chako kinaendeleaje? Sisi ni wazima wa mwili, na shayiri tumeshapura. Ila Mama ni mzima wa mdomo tu. Tangu mdogo wangu mchanga afariki mwezi wa tano, hajacheka. Ukimwekea chakula anakula, usipomwekea hakumbuki.

Nimesikia madaktari wa Bengaluru walikulaza ndani ya mashine ili waone furaha yenu ninyi watawa inakaa wapi kichwani. Waliiona? Nieleze hatua kwa hatua mnavyoipata, tafadhali. Nataka nimfundishe Mama kabla theluji haijafunga njia.

Binti yako,
Yangzes

Leh, 19 Oktoba

Mwanangu Yangzes,

Marahaba. Kifua kimetulia. Mashine yao niliivuruga! Daktari alitaka kwanza aone akili iliyopumzika, kisha ailinganishe na akili inayowatakia watu heri. Mimi nikilala tu, nimeshaanza. Ni mazoea ya miaka ishirini na sita. Akaniambia kwa kipaza sauti, "Mama, nakuomba, dakika tano tu usimtakie mtu yeyote heri!" Masikini, nikazidi kumwombea.

Baadaye alinieleza kwamba ubongo hujifunza kama mkono unavyojifunza kufuma, kidogo kidogo kila siku, hata wa mtu mzima. Na anayemjali mwenzake, yeye mwenyewe huamka ndani. Lakini usimfanye mama yako mwanafunzi. Huzuni yake si ugonjwa.

Mama yako mdogo,
Palkit

Zanskar, 11 Aprili

Mama Mdogo,

Shikamoo. Umevukaje baridi? Njia imefunguka leo.

Nisamehe, sikukusikia. Nilimkalisha Mama nikamhesabia pumzi. Akasema, "Nenda kawafundishe mbuzi, wao hawana msiba." Nikaacha.

Januari jirani yetu Lhazom alijifungua. Unajua nyumba zetu tano husaidiana kwenye uzazi na msiba. Zamu ya kupeleka uji ikafika kwetu. Wazee walisema Mama asamehewe mwaka huu, niende mimi. Mama akaninyang'anya sufuria. "Utaumwaga, na hiyo miguu yako ya ndama!" Akarudi macho mekundu. Kesho yake akaenda tena, wala haikuwa zamu yetu. Na kesho yake.

Jana pia alirudi analia. Nikamuuliza, "Mama, bado una huzuni?"

"Ninayo," akasema, akivua buti. "Kesho niamshe mapema. Yule mtoto siku hizi akisikia sauti yangu anaacha kunyonya, anageuka kunitafuta."

Binti yako,
Yangzes