Picha ya Idwal Ukutani

Cwm Helyg, Novemba 1908

Kaka Idwal,

Huku hatujambo. Mama anakohoa kidogo, na mvua haijaacha kunyesha.

Juzi nilikuwa nasugua sakafu ya klabu wakati kamati ilipokaa, Baba akiwa miongoni mwao. Prosser, katibu wao mwenye bucha, akasema, "Anayecheza raga kwa mshahara huko Kaskazini mwa Uingereza si mwenzetu tena. Marufuku kukanyaga hapa. Na picha yake ishuke."

Picha yako, Idwal, umevaa jezi ya Wales! Prosser huyohuyo ndiye aliyekuwa akikutilia pesa kisirisiri ndani ya kiatu baada ya mechi, ingawa huku mchezaji haruhusiwi kulipwa, na wote pale mezani walijua.

"Bwana Prosser, huna hata haya?" nikamuuliza.

"Wewe sugua sakafu, binti," akajibu. Wenzake wakacheka.

Wakapiga kura. Mikono yote ikapanda, hata wa Baba. Kisha yeye mwenyewe akasimama juu ya kiti, akakuteremsha, akapangusa vumbi kwa shati lake, akamkabidhi Prosser.

Krismasi njoo, Mama anakungoja. Baba nampakulia chakula kama kawaida. Kumwamkia nimeshindwa.

Dada yako,
Olwen