Habari za Mkono

Mama mkwe wangu wa kijijini Kate,

Juzi mjukuu wako kaniuliza mkono wa mtu unapimwaje hadi ijulikane fidia yake. Jirani yetu hapa Chanji kagongwa na gari, kaumia mkono, na mtaa mzima hauna mazungumzo mengine. Nikafungua mdomo nimjibu, nikaona mwenye jibu ni wewe. Basi nakuandikia, ingawa najua huko uliko posta haifiki.

Unalikumbuka lile lori lililowabeba nyinyi na mahindi ya kijiji, miaka ile ya ujamaa? Liliteleza kwenye tope likalala ubavu. Ulipona chupuchupu, ila mkono wa kulia ulibanwa, na plasta ilipotolewa vidole vilikuwa vimejikunja, havifunguki. Mwanao akakuleta kwetu mjini. Hukulia hata siku moja. Kilichokutafuna ni shamba. Wenzako wote walikuwa wanashuka shambani na majembe, na wewe hukutaka kuwa wa kula tu. Ulitaka fidia ikupatie maksai wawili wa kulimia ulezi. Ng'ombe wavute, ulisema, wewe ufuate nyuma na fimbo. Nikaanza kuwaombea maksai ambao hata hawajanunuliwa.

Mtu wa bima akaja, kijana wa kwetu Mbeya, kalamu mbili mfukoni. Alinieleza kwamba daktari ameshasema mkono umeumiaje, na yeye katumwa aone kuumia huko kumempotezea nini mwenye mkono. Swali hilo lilinipendeza mno. Mimi nilidhani wanapima kwa futi, kama fundi cherehani.

Akakuamkia kwa adabu, ukaitikia marahaba. Kisha akasema, "Habari za mkono, mama?"

"Nzuri tu, baba."

Moyo wangu paa! Nzuri? Mkono ambao asubuhi ile ile nilikufungia khanga kwa sababu hukuweza kukaza fundo? Akauliza maumivu, ukamshukuru Mungu. Akauliza kilimo, ukasema mnajitahidi. Halafu, kana kwamba hujalikoroga vya kutosha, ukainua birika kwa mkono wa kushoto, ukammiminia chai bila kumwaga tone, ukamwomba radhi tu kwa kumpa kikombe kwa kushoto. Kijana wa watu anaandika. Mimi nakukonyeza hadi macho yanauma, na wewe unaniuliza kama nimeingiwa na vumbi. Wee mama, nilikukasirikia siku ile. Maksai wetu walikuwa wanaondoka hivi hivi, na wewe ndiye uliyewafungulia zizi.

Akafunga mkoba wake, akaaga. Ukamfuata hadi mlangoni, ukapiga magoti umuage kama mnavyoaga nyinyi Wafipa, kwa makofi ya polepole. Wiki niliyoolewa ulinifundisha makofi hayo, ukanisimanga kwamba napiga kama mtu anayefukuza kuku. Ukainua mkono wa kushoto. Wa kulia ukaja nao, umejikunja vile vile, ukagusa bila sauti. Ukajaribu tena. Hapo ndipo nilipouona uso wako ukivunjika, mara ya kwanza tangu ajali.

Ukanigeukia. "Nipe mkono wako."

Nikapiga magoti kando yako, nikautoa. Ukapiga kiganja chako kwenye changu, taratibu, ukamuaga mgeni wetu hadi mwisho kama inavyotakiwa.

Yule kijana alikuwa ameshashika njia. Akageuka, akatuona, akarudi, akaweka mkoba chini, akakaa kwenye kigoda.

"Mama, mimi nilikusalimia tu," akasema. "Sikukuuliza. Naomba sasa nikuulize."

Ndipo ulipofunguka. Ulisema kwa Kifipa, nami nikatafsiri kwa Kifipa changu cha kuokoteza, nikijifuta machozi. Chai yake ilipoa na hakuinuka hadi ulipomaliza.

Maksai walikuja, mama. Mmoja ukamwita Bima, wa pili ukamwita Nzuri Tu, na Kate nzima ikacheka. Lakini kila nilipokuja kukutembelea ulinisimamisha pembeni ya shamba na swali lako lile lile: hivi yale makofi waliyaweka fungu gani la fidia? Jembe mtu analielewa, na maumivu pia. Lakini kumuaga mgeni wako mwenyewe, kwa mikono yako mwenyewe, hilo walilitia wapi? Sikujua. Hadi leo sijui, na linanikereketa kama lilivyokukereketa wewe.

Mjukuu wako nimemtuma kwa jirani. Nimemwambia akae hadi chai ipoe, na asianze na habari za mkono.

Tulipokuzika nilipiga magoti nikuage kama ulivyonifundisha. Watu walinisubiri sana, mama. Nilikuwa nimeutoa mkono mmoja, nangoja wako.

Mkamwana wako wa Mbeya