Mlango wa Kiambere Bado Umefungwa

Mutwiri rafiki yangu,

Nilikupoteza Jumanne, mvua za Aprili zikianza, na siku hiyo hiyo nikapoteza mwisho wa filamu yetu. Hukuwa umeuandika. Filamu saba tumetoa pamoja, na hakuna hata moja uliyoiandikia mwisho mapema.

Nimekasirika, wacha niseme. Uliandika, ukaigiza, ukatunga nyimbo, ukachora mabango kwa mkono ule ule uliokuwa unachora malori kabla watu hawajakujua. Sasa nimetafuta watu wanne wa kujaza nafasi yako, na wanagombana. Yule wa muziki hata Kimeru hajui vizuri.

Nilijaribu njia yako. Nikaenda soko la Gakoromone kwa akina mama wa viazi, pale uliponikuta nikiuza magunia yangu ukaniambia, "Mama Kendi, una sura ya mtu ambaye hajasamehe. Kuja uigize." Nikawasimulia vile ulikuwa ukifanya: mume wa filamu yetu, aliyetoroka boma, anarudi kwa mvua, anabisha, mke yuko ndani. Nikawaachia wabishane, niandike. Zamani wangekurushia viazi wakipiga kelele, "Asifungue! Mbwa huyo!"  Safari hii mmoja wao, Mama Mwenda, alifunga gunia lake, akasema, "Huyo wa kubisha si alikufa? Sasa tubishane juu ya nini?"

Picha ya mwisho tuliyopiga ni wewe ukibisha, kwenye ile nyumba ya mabati tuliyokodi Kiambere, karibu na bwawa. Unasema, "Ni mimi, fungua," halafu unangoja. Nimeitazama peke yangu hapa kwangu Majimbo, tena na tena. Unangoja vizuri sana, Mutwiri. Wewe nje, mimi ndani, na hukuniambia nifanye nini. Nilipokuuliza ulicheka: "Mkono wako utajua siku ikifika."

Mkono haujui. Nikifungua, nje hakuna mtu. Nisipofungua, unabaki pale unanyeshewa, kila mara mtu akiicheza hiyo filamu.

Pumzika, rafiki yangu. Nakuahidi itatoka, na jina lako litatangulia langu. Lakini Jumamosi saa tatu asubuhi kamera itakuwa inaniangalia, nimesimama nyuma ya ule mlango. Usiniletee kicheko chako. Kabla ya saa tatu nijibu: nifungue ama nisifungue?

Mama Kendi