Kigelegele Kilichomponza Dunstan

Litembo,
Mbinga.
13 Julai, 2024

Mpendwa kaka Nathanieli,

Shikamoo kaka. Habari za Mwanza na za kazi? Wifi Hildegardi anaendeleaje na mguu wake? Sisi huku tu wazima kwa neema ya Mungu, ila baridi ya mwezi huu inatutoa machozi, na kahawa nayo imeamua kuiva yote kwa mpigo.

Matokeo ya fainali ya mkoa najua umeshayasikia, maana watu wa kwetu Lipingo hawawezi kukaa na jambo kama hilo tumboni. Nyasa tatu, Mbinga mbili. Mwanao Meshack ndiye aliyefunga la ushindi, na mwanangu Dunstan ndiye aliyekuwa golini. Ningekupigia simu, lakini wewe simu yako huongea hadi jirani akajibu, na haya ni yako peke yako.

Kaka, mechi ile ilitutoa roho. Ninyi mlitangulia, tukasawazisha. Mkatangulia tena, tukasawazisha tena. Unaona ninavyosema ninyi na sisi, mimi niliyezaliwa ziwani nikaolewa milimani. Vijana wa huku walikuwa wakiwaita wenzao walaji wa usipa, vile vidagaa vya ziwa letu, na mimi niliyekuzwa na usipa huohuo nikacheka nao.

Sasa nikueleze jambo moja. Tangu Dunstan aanze kudaka akiwa shuleni, kila akiokoa mpira mimi humpigia kigelegele. Huwa ananiambia hata asipoona, akisikia sauti yangu anajua hatari imepita. Uwanja mzima wanakifahamu kigelegele cha mama yake kipa.

Basi, dakika za nyongeza, mpira ukamfikia Meshack. Akamlamba chenga beki wetu wa kwanza, akamlamba wa pili, kwa guu lile la kushoto la marehemu baba. Baba mtupu, kaka. Sijui nini kilinipata. Kabla hajapiga, kigelegele kikanitoka, kirefu, cha kwetu. Dunstan alikuwa amezibwa na mabeki wake. Akasikia mama yake, akadhani wameshauondoa mpira, akashusha mikono. Alipokuja kuuona, ulikuwa wavuni.

Mdomo uliponza kichwa, lakini kichwa kilichoponzwa si changu. Huku Litembo wanasema kipa kauza mechi kwa binamu yake. Kocha amemwambia apumzike kwanza. Baba yake, shemeji yako Aloisi, akaacha kumsemesha, na siku moja mezani akatamka kwamba damu ya ziwani haifichiki. Dunstan aliinama akaendelea kula ugali wake. Hakunitaja, kaka, na nilikuwa nimekaa pale pale nikigawa mboga. Nikanyamaza kama sina ulimi, mimi unayenijua kwa maneno.

Na kwako pia nina kosa. Baada ya filimbi Meshack alivuka uwanja mzima kuja kunipa shikamoo. Niliona watu wananitazama, nikageuza uso kama ninayemtafuta mtu mwingine. Mtoto wa kaka yangu, aliyelelewa mgongoni mwangu. Naona aibu hadi kuandika.

Jana asubuhi nikashindwa kuvumilia. Tulikuwa tunakoboa kahawa, Aloisi anazungusha mashine, mimi namwaga maji. Nikamwambia yote. Mashine ikasimama. Nilingoja anifukuze, nilingoja hata kofi. Akasema alinisikia siku ileile, alikuwa amesimama nyuma yangu. Alijua tangu mwanzo. Aliona haya mke wake asemwe uwanjani, akaona afadhali lawama imwangukie mtoto, yeye ni kijana, watasahau.

Watu wazima wawili, kaka. Sikuwa na la kumlaumu, maana alichofanya ndicho nilichofanya.

Mara Dunstan akapanda kutoka shambani na gunia la kahawa begani. Akatukuta kimya, akamtazama baba yake, akanitazama mimi, akadhani nimebanwa niseme. Hakungoja aulizwe. Akatua gunia, akasema, "Baba, mama hahusiki. Ni mimi, niliteleza."

Nililia, kaka. Aloisi akamshika mkono akamwambia tunajua hakuteleza.

Kesho baada ya Misa timu inakutana na kocha. Nitasimama mbele yao niseme, na Aloisi amesema atasimama nami aseme na lake. Watatucheka, na wengine hawataamini, watasema ni mama anamtetea mwanawe. Nitasema hata hivyo. Naogopa kuliko siku ya harusi yangu.

Nakuomba umpigie Meshack umwambie shangazi yake anamwomba msamaha. Bao lake lilikuwa halali na lilikuwa zuri, asikubali mtu amwambie alipewa.

Msalimie sana wifi Hildegardi, na Bonifasia, na mdogo wake Praygod asome kwa bidii. Aloisi anakusalimu. Dunstan anasema shikamoo mjomba, na anauliza kama bado una ile picha ya babu akicheza mpira. Mungu awafunike nyote, awape watoto wenu wazazi bora kuliko tulivyokuwa sisi wiki hizi.

Ni mimi dada yako nikupendaye,
Gaudiosa