Maktaba Yako Tuliigawa Kama Mashati

Rafiki yangu Tito,

Huko uliko sijui kama kuna vitabu. Kama vipo, wafiche ndugu zako wasivione.

Tulipomaliza matanga, baba yako mdogo alikaa kitini kugawa vitu vyako. "Kila mtu apate sehemu ya marehemu." Mashati huku, baiskeli kule. Vilipofikiwa vile vitabu vya samaki wa ziwa, juzuu sita, nikakohoa: "Baba, hizi hazitenganishwi." Akaniuliza, "Wewe umesomea wapi?" Watu wakacheka. Na kweli, shule yangu ilikuwa meza yako. Basi juzuu zikatawanywa Mabatini, Igoma, Usagara, kama ng'ombe wa mahari.

Ulikuwa ukisema, "Kitabu kimoja ni shahidi mmoja, husema apendavyo. Leta kumi wabishane, ndipo ukweli unachungulia." Ndiyo maana ulinunua vyako, chuo ulichofundisha kilipoacha kuagiza. Siku hizi biashara ni huria: Mabatini utapata viatu vya kila taifa, ila vumbi la rafu za chuo bado ni la hapa hapa.

Sasa mwanafunzi wako Agnesi amekwama. Anaandika kuhusu furu, wale samaki wadogo tuliokula utotoni, wanaotoweka tangu sangara, yule mkubwa anayewala, atawale ziwa. Bila juzuu zote hawezi kujua nani alikuwepo, nani hayupo. Chuoni wamemwambia abadili mada. Yaani furu wafe mara mbili.

Nimezunguka. Tano nimezipata; moja ilikuwa chini ya mguu wa kabati, bado inasomeka. Ya sita, yenye furu wa ghuba yetu, iko Usagara kwa dada yako. Hajui kusoma. Ameifunga kwenye kanga, analala nayo.

"Wenzangu walipata mashati, yamechakaa," akaniambia. "Mdogo wangu amebaki huyu. Simtoi."

Nikanywa uji wake, Tito, nikaaga. Nimefika mlangoni akaniita.

"Huyo binti aje asomee hapa. Asome kwa sauti, nimsikie mdogo wangu."

"Dada, ni Kiingereza."

"Hata alipokuwa hai nilikuwa simwelewi."

Jumamosi nampeleka. Nitabeba zile tano zote, ili kwa siku moja ziwe sita tena, juu ya kitanda cha dada yako. Zikirudi kwangu hazitagawanywa, hata siku yangu ikifika. Nimeshawaambia wanangu: mashati wagombanie.

Lala, ndugu yangu.