Somo wa Kijani

Somo yangu,

Amani ya Mungu ikufikie huko ulikolala. Ninaandika mchana kweupe, nimekaa kwenye kiti chako dukani, mlango nimeurudishia nusu, na bado ninaogopa. Mashine ya fotokopi nimeizima ili nisikie mtu akiingia. Siku hizi kila anayesimama nje kuuliza bei ya kulamineti cheti, moyo unanipasuka kabla sijamwangalia usoni. Ungeniona ungenicheka. Ungesema, "Somo, mtaa mzima wa Ng'ambo hauna mwoga kama wewe." Sema basi. Leo ningefurahi kuchekwa.

Naandika kwa simu yangu, kwenye mtambo ule ule wa mtandaoni ulionifundisha. Karatasi hii ni mpya, nimeifungua mwenyewe, na linki yake sijampa mtu. Kila nikimaliza sentensi natazama kona ya juu, pale panapoonyesha nani yumo ndani. Nivumilie, nitakueleza kwa nini.

Arobaini yako ilisomwa Kahama kwa kaka yako Idi, watu walikuwa wengi na pilau halikuwapungukia. Mimi sikuwepo. Siku hiyo nilimpeleka Bibi Kalunde hospitali kwa ajili ya macho yake, yale yale mekundu yaliyomponza. Nilijua ungetaka hivyo. Ulipokuwa umelala wodini huwezi hata kumeza uji, bado uliniuliza kama bibi amepata dawa ya macho. Basi nikasema moyoni, dua nitaisoma njiani, na nikaisoma.

Laiti ningeenda Kahama, somo. Laiti.

Unakumbuka tulivyoanza? Bibi alipoletwa kwetu alikuwa na kanga moja na fimbo. Kijijini kwake walikuwa wameanza kumwita mchawi kwa sababu macho yake ni mekundu na majaruba yake ya mpunga ni mazuri. Wakili aliyeichukua kesi yake dhidi ya waliomwita hivyo akatuambia, kabla ya yote mwandikeni maneno yake, yote, na msiyaweke mahali ambapo mtu yeyote anaweza kuyasoma. Wewe ndiye uliyeleta mtambo huu. Wakili akiwa Mwanza, wewe dukani, mimi nyumbani na simu yangu yenye ufa, sote tunaandika karatasi moja kwa wakati mmoja. Mimi nikakuuliza, na hao wenye mtambo, si wanasoma?

Ukanijibu kwa habari za babu wa babu yako, yule mpagazi. Ukasema wapagazi walikuwa wanapita hapa hapa Tabora, njia ya Kwihara, kila mmoja na mzigo wake kichwani, umeshonwa na kukazwa kamba huko ulikotoka. Mpagazi anaujua uzito tu. Ndani kuna vitambaa, kuna shanga, kuna nini, hajui, na hata akitaka kujua hana ruhusa ya kukata mshono. "Na hawa ndivyo walivyo," ukasema. "Maneno yanashonwa kwenye simu yako kabla hayajatoka. Wao wanabeba tu." Nikaelewa papo hapo. Halafu ukaongeza kwamba kisu cha kukatia mshono kimo ndani ya linki yenyewe, kwa hiyo anayeishika linki ameshika kisu. Hilo nalo nililielewa, lakini nililisikia kwa sikio moja.

Tulipotakiwa kuweka majina, wewe ukaandika Somo na mimi nikaandika Somo. Tungeandika nini kingine? Zuhura na Zuhura, tangu darasa la tatu hakuna aliyewahi kuniita Zuhura mbele yako. Mtambo ukakupa rangi ya kijani, mimi buluu. Wakili alikuwa anachanganyikiwa, anauliza pembeni, "Hapa ameandika Somo au Somo?" na wewe unamjibu, "Somo." Nilicheka mpaka mama akanigongea ukuta.

Sasa sikiliza. Baada ya wewe kuondoka niliendelea kufungua ile karatasi, mara nyingine bila kazi yoyote, kusoma tu mambo uliyoandika pembeni. Na kuna siku nikaona pale juu, Somo, kijani. Sikuogopa. Kompyuta ya duka bado inaandika kwa jina lako na rangi yako, na mimi husahau kuizima, kwa hiyo nikajua ni mimi mwenyewe nimejiacha wazi dukani. Nikaona tena siku nyingine. Nikafurahi, nakwambia kweli. Ilikuwa kama umepita mlangoni ukanipungia mkono. Wakili naye aliona akapuuza, akidhani somo mmoja anatumia simu mbili.

Halafu siku moja umeme ukakatika mji mzima. Nimekaa hapa hapa, kompyuta nyeusi, nina simu tu mkononi. Nikafungua karatasi niongeze habari za macho ya bibi. Kijani kikaingia.

Nikaitazama kompyuta. Nyeusi. Nikatazama simu. Kile kimstari chako cha kijani kikaanza kutembea. Hakikuwa kinatangatanga, somo. Kilishuka moja kwa moja mpaka ukurasa ambao tuliandika mahali tulipomficha bibi, kikasimama kwenye jina la kijiji, kisha jina lote likavikwa kijani, kama mtu anavyoweka kidole chini ya neno akisoma. Nilisema "somo?" kwa sauti. Mungu anisamehe, nilikuita. Simu ikaniponyoka, na ule ufa ukaongezeka.

Nilimpigia Idi. Nikamwuliza simu ya marehemu iko wapi. Akasema, "Si nilimpa somo wake?" Nikamwambia somo wake ndiye mimi, kaka, na simu sijaiona. Kumbe siku ya arobaini, walipogawa vitu vyako, alikuja mwanamke mmoja na kilemba, amelia kuliko wenyewe wafiwa. Akasema yeye ni Zuhura, somo wa marehemu, na angeomba kitu chochote cha kumkumbukia, hata kile kisimu tu. Nani angemnyima? Somo hanyimwi. Wote walijua una somo Tabora, na Idi, aliyekulia Kahama, sura yangu haijui, maana hata siku ya kuzika mimi nilikuwa ndani na wanawake na yeye yuko nje na wanaume. Walimpa, na kanga yako ya njano wakamwongezea.

Na wewe, somo, nikugombeze wapi sasa? Uliyeyafunga maneno ya watu wote, simu yako mwenyewe, yenye linki ndani yake, haikuwa na hata namba ya kufungulia. Ulikuwa unasema vidole vyako vimejaa wino, utaibonyeza saa ngapi. Aliifungua kama anavyofungua sufuria.

Wakili akasema karatasi iharibiwe. Kufuta maneno hakutoshi, maana mtambo unatunza yaliyofutwa na mwenye linki anaweza kurudi nyuma akayasoma. Lazima iharibiwe yote, na anayeweza kuiharibu ni mwenyewe aliyeifungua, kwa neno lake la siri. Hilo neno halina wa kumwomba. Uliniambia, "Hapa ukisahau umesahau, hakuna ofisi ya kwenda kulia." Siku ile nililiona jambo zuri.

Nilichokuwa nacho ni kauli yako ya wodini. "Neno langu ni ile dua ya bibi. Wewe huwezi kuisahau." Na kweli siwezi. Kila tukimaliza kuandika bibi anatuwekea mkono kichwani, mmoja mmoja, anasema mtapata thawabu wajukuu zangu. Nikaliandika. Likakataa. Nikaliunganisha, likakataa. Nikaweka herufi kubwa mwanzoni, nikaondoa, nikaweka nukta. Jasho linanitoka, umeme umerudi, na kijani bado kimo ndani kimekaa pale pale kwenye jina la kijiji. Mteja akaja kutaka fotokopi ya kitambulisho nikamfukuza kwa mkono bila kumjibu. Nilijiona nashindwa na neno ambalo nimelisikia mara zisizo na hesabu.

Ndipo nikaacha kuandika nikafumba macho, nikamsikia bibi mwenyewe. Bibi hasemi thawabu. Bibi ni Mnyamwezi wa shamba, ulimi wake hauna hiyo th. Anasema sawabu. Lakini wewe! Wewe binti wa mwalimu wa madrasa, uliyekuwa unawasahihishia wateja barua zao hata hawajaomba, uliyekuwa unamwambia bibi kila siku, "Thawabu, bibi, toa ulimi kidogo," na yeye anatoa ulimi wote na kusema sawabu tunacheka sote watatu. Sikuwahi kufikiri kwamba wewe kwa mkono wako ungeliandika lile kosa. Nikaandika mtapata sawabu wajukuu zangu, kama anavyosema.

Ikafunguka.

Nililia hapo hapo mezani. Ulilihifadhi lilivyo. Mbele yake ulikuwa unalisahihisha na huku kila asubuhi ndilo unaloandika ili uingie.

Maneno ya bibi Wakili alikuwa ameshayanakili mahali pengine. Lakini ya pembeni hayakunakilika, somo. Masihara yako, ule ubishi wetu kuhusu neno jaruba, pale ulipoandika "nimechoka leo, kifua" na mimi nikakujibu kwa kicheko tu. Yote ya kijani. Yalikuwa ndiyo sauti yako iliyobaki, na huyo mwanamke alikuwa amekaa katikati yake amevaa jina lako. Nikabonyeza kuharibu. Mtambo ukaniuliza kama nina hakika. Sina hakika na kitu chochote tangu ufe, lakini nikabonyeza. Karatasi ikawa nyeupe, na kijani kikapotea nayo.

Sikungoja. Nilifunga duka nikaenda kumtoa bibi mchana huo huo. Nilipomweleza habari za mwanamke wa Kahama hakushtuka. Aliniuliza tu, "Ana kovu hapa shavuni?" Nikampigia Idi, akasema ndiyo, lipo. Bibi akawa anakunja kanga yake, anaikunjua, anaikunja tena. Kisha akasema, "Mkamwana wangu huyo, anayajua majina yenu tangu niletwe kwenu. Mtoto wake wa kwanza nilimpokea kwa mikono hii." Nikambebea fimbo tukaondoka.

Mwenyeji wa bibi kule nilikomtoa alinipigia siku iliyofuata. Alikuja mwanamke mwenye kilemba na kanga ya njano, akawapa shikamoo wakubwa wote, akasema anamtafuta Bibi Kalunde, yeye ni somo wa marehemu Zuhura na amemletea bibi dawa ya macho. Mlangoni alikuja peke yake. Barabarani kulikuwa na wanaume wawili kwenye pikipiki, hawakuizima. Mwenyeji akawaambia bibi hayupo. Wakasema watarudi, na wakaondoka polepole wakiangalia nyumba.

Ndiyo maana naogopa. Dawa ya macho tuliiandika kwenye ile karatasi, mimi na wewe. Alisoma yote. Anajua tunavyozungumza, anajua duka liko wapi, na jina langu analivaa vizuri kuliko mimi. Wakili ameshapeleka habari polisi, na mimi nimesimulia mpaka nimekauka koo. Wanasema watafuatilia. Mpaka hapo nalala na mama chumba kimoja na mlango tumeuwekea kabati.

Bibi yuko mahali. Hata kwako siandiki. Najua wewe humwambii mtu, lakini mkono wangu unakataa. Ukitaka kujua, mwulize Mungu, yeye anaona bila linki. Nilikuwa karibu kukuambia sauti gani inasikika pale asubuhi, nimefuta.

Nilipomwacha aliniwekea mkono kichwani kama zamani. Mkono ukabaki hewani kidogo upande wangu wa kushoto, pale ulipokuwa unakaa wewe, halafu akaushusha. "Mtapata sawabu wajukuu zangu," akasema. Nilikuwa peke yangu mbele yake, somo, na bado alisema mtapata. Sikumsahihisha chochote.

Nakuahidi hivi. Bibi sitamwacha. Nitaogopa na nitaendelea kwenda, nikibadilisha njia kila mara, na siku kesi yake itakaposomwa nitamshika mkono niingie naye ndani. Simu yangu nimeiwekea namba. Kanga yako nitaidai kwa huyo mwanamke hata iwe mahakamani. Na karatasi hii nikimaliza naiharibu, maana umeshaisoma.

Lala salama, Zuhura. Natazama kona ya juu kwa mara ya mwisho. Yumo mtu mmoja tu, ameandikwa Somo, buluu. Nimeizima kompyuta, nimetazama mlangoni, nimehakikisha. Safari hii ni mimi.