Sahani ya Riziki

Neema mujukuu wangu,

Salamu kutoka Ndosho. Tuko wazima, mama yako amerudi kuuza maharagi sokoni.

Umeniuliza kama mwili wako umezidi unene, maana wenzako huko Kampala wanakucheka. Sikiliza koko wako, bibi yako.

Vita vilipotutoa Masisi nilikuwa na miaka kumi na tano. Tantine, dada ya papa, alinipokea hapa Goma. Binti yake Riziki, wa umri wangu, kila mchana alinisukumia sahani yake ya bugali kwa siri. Nilikuwa na njaa, nikala bila kuuliza. Mimi nikanenepa, yeye akakonda, mpaka tantine akanishika mkono: "Unaiba chakula ya mutoto wangu! Kesho unaenda kambi ya wakimbizi."

Riziki alitoka nje. Asubuhi, nikiwa nafunga nguo zangu, akaanguka mlangoni kwa njaa.

"Ni mimi nilikuwa namupa," akalia. "Kule masomo wananiita tembo."

Tantine alikaa chini kati yetu, asijue amushike nani kwanza. Tulimupeleka dispansere, na muuguzi alimwambia tantine kwamba mwili wa Riziki haukuwa na kosa, ulikuwa unakomaa tu, kama wa mama yake. Tangu siku ile tulikula watatu pamoja, na sikufukuzwa.

Mpaka leo sielewi. Mimi nilikimbia risasi, nikatafuta chakula. Yeye alikikimbia chakula kwa sababu ya neno moja. Kama una mashaka, muganga akupime, si wenzako.

Na leo, umekula?

Koko wako